Mama iko ku Maine (Marekani), jino inamuuma: kadi ya Medicaid inalipaka meno ya bantu bakubwa ao hapana?

Mutoto_wa_Himbi (Goma)
Habari zenu bandugu. Niko na swali na naomba mwenye anajua kabisa njo anijibu, juu kila muntu nilimuuliza hapa Goma ananipa jibu yake na hazifanane hata kidogo.

Mama yangu iko ku Portland, jimbo ya Maine, mwaka ya pili sasa. Balienda na badogo zangu kupitia HCR (shirika ya UN ya bakimbizi) kutokea kambi ya Uganda. Iko na miaka 58. Tangu wiki tatu jino ya nyuma upande wa kuume inamuuma, halale, ananitumiaka audio ku WhatsApp kwake ikiwa saa saba ya usiku, huku kwetu ni saa moja ya asubui, unasikia tu sauti vile imechoka. Mudogo wangu alimupeleka ku kabine moja ya meno, mwanamuke wa mapokezi aliangalia kadi yake ya Medicaid (ile asiransi ya matibabu ya serikali, ya bantu ba kipato kidogo) akasema «hapa hatukamataka iyi», basi, bakarudia nyumbani. Tangu siku ile mama ameshika ku kichwa kwamba Medicaid ni ya tumbo na presha, ya meno haiko. Kisha maumivu ikazidi, akaenda urgence ya lopitali, bakamupa antibiotiki na dawa ya maumivu, bakamuambia aende kuona munganga wa meno. Ilitulia siku tano, ikarudi.

Sasa sisi huku tulikaa na bayaya tunataka kuchanga, juu muntu moja alituambia kutengeneza jino moja kule inaweza kula mamia ya dola. Na munajua vile hali iko kwetu, benki zilifunga tangu janvier 2025, kila muntu anaishi na ile kidogo iko ku simu. Pesa yenye yaya anataka kutoa ni ya minerval (pesa ya shule) ya batoto. Sikatae kumusaidia mama, ni mama, lakini mbele ya kutoa ile pesa ninataka kujua: kadi inalipa meno ya muntu mukubwa ao ni ya batoto tu? Na kama inalipa, juu ya nini balimurudisha?

Birere_Moja (Goma)
Pole sana ndugu. Minavyojua mie, hailipake. Shemeji yangu iko Texas, miaka ine sasa, batoto bake benye banatibiwa meno bure kabisa, yeye na bibi yake hapana. Alingolesha jino kwa pesa yake. Kwa iyo muchange tu, musipoteze wakati mama anaumia.

Dada_Mukalimani (mutoto wa Katindo, sasa Portland)
Ndugu, ngoja, usitume pesa bado. Mimi ni mukalimani huku Portland, kila wiki nakaa na mama na papa betu mbele ya munganga, kiswahili, kifaransa, lingala, hii mambo ya meno naiona karibu kila siku na inaniuma juu bantu banateseka bure.

Ndugu wa Birere anasema kweli juu ya Texas lakini Texas haiko Maine. Njo hapo betu wote tunapoteaka. Tunasema «Medicaid ya Marekani» sawa vile ni kitu kimoja, kumbe kila jimbo iko na yake. Serikali kubwa ya Washington inatoa sehemu ya pesa, jimbo inaongeza ingine, na hata jina inabadilikaka, huku kwetu kadi imeandikwa MaineCare, kule Tennessee ni TennCare, California ni Medi-Cal. Ilianza 1965 wakati wa prezida Lyndon Johnson, na leo sheria ya Washington inalazimisha majimbo yote kutibu meno ya batoto, mpaka muntu afikishe miaka 21. Kwa bakubwa hailazimishe. Hakuna hata kipimo cha chini. Kila jimbo inajichagulia: bamoja banalipa karibu yote, bamoja banaweka mupaka ya pesa kwa mwaka, bengine ni kungoa tu kama imekuwa urgence. Na pesa ya jimbo ikipungua, meno ya bakubwa njo inakatwaka ya kwanza, California balikata sehemu kubwa 2009, bakarudisha nusu 2014, yote ikarudi 2018. Kwa iyo muntu anaweza kukuambia neno ya kweli ya mwaka ule, leo ikawa uongo.

Sasa Maine. Mpaka 2022 ilikuwa mbaya, mukubwa alikuwa anapata urgence tu, kungoa na kutoa usaha, kwa iyo bantu ba zamani huku banaendelea kuambia bageni «kadi haina meno». Kuanzia tarehe 1 julai 2022 ilibadilika, MaineCare inalipia bakubwa kuangalia meno na radio (foto ya ndani ya jino), kusafisha, kuziba, kusafisha mushipa wa ndani ya jino, kungoa, mpaka meno ya bandia. Mama yako wa miaka 58 iko ndani, kama kadi yake iko hai.

Na ule mwanamuke wa mapokezi hakusema kwamba kadi hailipe. Alisema BO habaikamate. Munganga wa meno halazimishwe kukamata Medicaid, ni yeye anachagua kujiandikisha. Na bengi habajiandikishe, juu jimbo inabalipa kidogo kuliko asiransi zingine na makaratasi ni mingi. Ni sawa vile unaingia ku butiki na noti ya 100 dola yenye kukunjika, butiki inakataa, ile haimaanishe dola imekufa. Unaenda butiki ingine. Shida ya kweli huku haiko haki, ni kumupata munganga mwenye anakamata. Iyo sikufiche, kungoja inaweza kuwa ndefu.

Vile munaweza kufanya: mudogo wako apige namba yenye iko nyuma ya kadi, aombe batu ba meno benye banakamata MaineCare na benye banapokea bagonjwa bapya, aseme maneno zote mbili, juu liste iko na bengi benye banakamata lakini bamejaa. Pia apige 211, ni namba ya bure ya kusaidia bantu. Kisha zile kliniki za jamii zenye serikali inasaidia, zinakamataka Medicaid, na zingine ziko na meno ndani. Na hapa Portland kuko shule ya baganga ba meno ya University of New England, banafunzi banatibu na mwalimu iko pembeni anaangalia kila hatua, inachukua masaa mingi ku kiti lakini kazi ni safi, nimekaa pale na bantu.

Aseme neno «maumivu» na «uvimbe» kama uko, asiseme tu «nataka randevu». Mama betu banaona haya kulalamika mbele ya mugeni, anaulizwa unaumwa namna gani anajibu «kidogo tu», basi banamuandika miezi mbele. Na aombe mukalimani wa kiswahili, ni bure, ni haki yake popote penye pesa ya Medicaid inaingia. Asitumikishe mutoto wa miaka kumi na mbili kutafsiri habari ya mushipa wa jino.

Nyawera_Bkv (Bukavu)
Asante dada kwa kueleza. Ninaongeza ya Iowa juu kaka yangu iko Cedar Rapids na bakongomani kule ni bengi, pengine kuna mwenye anasoma hapa.

Iowa inalipa bakubwa lakini iko na mupaka: 1,000 dola kwa mwaka, na mwaka yenyewe haianze janvier, inaanza tarehe 1 julai inaisha 30 juin. Kuangalia, kusafisha na urgence haihesabiwe ndani ya ile elfu. Kaka hakujua, alikuwa na meno mbili za kutengeneza kwa nguvu, ya kwanza avril ikakula karibu yote, ya pili bakamuambia atalipa mwenyewe. Alitaka kukopa. Munganga mwenyewe njo alimushauri, kama haikuumize sana ngoja julai, hesabu inaanza upya. Akangoja, ikalipwa. Fikiria, miezi mbili tu ilikuwa kati ya deni na bure na hakuna barua yenye ilimuambia.

New Hampshire pia, jirani ya Maine, balianza avril 2023 na mupaka ya 1,500. Tennessee banalipia bakubwa tangu janvier 2023. Kwa iyo ukihama jimbo uulize upya, kadi ya zamani haikufuate.

Birere_Moja (Goma)
Aa sawa, kumbe. Basi mie nilijibu juu ya Texas nikafikiri ni Marekani yote. Nisamehe mukubwa. Na kwa bazee je? Koko yetu iko na 71 banamuambia iko na Medicare.

Dada_Mukalimani
Hakuna shida ndugu yangu, bengi banachanganya. Medicare na Medicaid ni bintu mbili. Medicare ni ya bazee ba 65 na kupanda na balemavu, na yenyewe meno ya kawaida hailipake, hata uwe umeishi huku miaka makumi. Lakini mzee mwenye kipato kidogo anaweza kuwa nazo zote mbili, na hapo meno inapitia Medicaid ya jimbo yake. Koko aangalie kama hana kadi ya pili ndani ya sakoshi, banazisahauka mule.

Munganga_Ndosho (Goma)
Mimi niko infirmier, nimefanya miaka sita ku servisi ya meno hapa Goma. Niruhusuni niseme juu ya jino yenyewe, juu ya kadi mumeshasema.

Antibiotiki yenye balimupa urgence inatuliza tu, haitoe shida. Jino yenye imeoza mpaka ndani ni nyumba ya mikrobu, dawa inafukuza benye beko nje, benye beko ndani banabaki, siku tano banarudi. Asinunue ingine na asitumiwe ingine kutoka huku. Naona familia zinafunga amoxicilline ndani ya bahasha zinatuma Ulaya na Marekani, tafadhali apana. Asiweke aspirini juu ya fizi, inaunguza nyama. Maji ya uvuguvugu na chumvi kidogo asukutue, alale na kichwa juu ya mito mbili, dawa ya maumivu ile balimuandikia kwa kipimo.

Lakini kama mashavu inavimba kupanda ku jicho ao kushuka ku shingo, homa, kinywa inashindwa kufunguka, ao kumeza mate inakuwa nguvu, asingoje randevu ya mutu, arudi urgence saa ile ile hata kama ni usiku. Hapo haiko tena jino, inaweza kufunga njia ya pumzi. Na kama iko na sukari amuambie munganga mapema.

Mutoto_wa_Himbi (Goma)
Bandugu sijui nibashukuru namna gani. Nilimupigia mama jana, nikamuambia asome mbele ya kadi, kweli imeandikwa MaineCare, alikuwa anafikiri ni jina ya lopitali. Mudogo alipiga namba, balimupa majina tano, tatu bakasema bamejaa, ya ine ni kliniki ya jamii bakamupa randevu kisha wiki tano. Akasema vile dada alisema, kwamba halale na amesharudi urgence, bakamuweka ku liste ya benye banaitwa kama muntu amekosa kuja. Asubui ya leo bakamuita!! Anaenda alhamisi. Mukalimani atakuwako ku simu.

Maswali mbili zimebaki. Je wakimuambia jino inahitaji kazi kubwa, banaweza kumuandikia fakture kisha? Na kuna papa moja wa kanisa alimuogopesha ati bakimbizi batatolewa Medicaid.

Dada_Mukalimani
Alhamisi ni karibu, Mungu ni mwema.

Fakture: kwa kazi yenye Medicaid inalipia, munganga mwenye amekamata kadi hana ruhusa ya kumuomba mama aongeze pesa juu yake. Kama ni kitu chenye hakiko ndani, banapaswa kumuambia MBELE na akubali mwenyewe. Kwa iyo asisaini karatasi yenye haijatafsiriwa. Kazi zingine kubwa, sawa vile meno ya bandia, munganga anatuma kwanza radio na ombi, anangoja jibu. Ikija barua ya kukataa asiitupe, ndani mumeandikwa siku ngapi iko nazo ya kupinga, na bantu banashindaka. Nimeona bakikataa juu radio haikuonekana muzuri tu, ikatumwa ingine, bakakubali.

Ya papa wa kanisa, hakudanganya kabisa. Sheria yenye ilisainiwa tarehe 4 julai 2025 inasema kuanzia tarehe 1 oktoba 2026 Washington haitalipia tena Medicaid ya mukimbizi mwenye angali na hali ya ukimbizi tu. Mwenye ameshapata green card (karatasi ya kuishi huku kabisa), ile haimuguse. Mukimbizi anapaswa kuiomba akitimiza mwaka moja huku, mama yako iko mwaka ya pili, kwa iyo swali ya leo usiku kwa mudogo wako ni moja: je mama ameshatuma ombi ya green card, na karatasi ya kupokelewa iko wapi? Kama bado, baende kwa avoka wa bure wa bahamiaji, ile shirika yenye ilibapokea itabaonyesha, siyo kwa ule mwenye anajaza fomu ku parking kwa 300 dola.

Na barua za kila mwaka za kurudilia kuandikisha. Bantu bengi banapoteza kadi si juu ya kipato, ni juu balihama nyumba na barua ikaenda ku adresi ya zamani. Akihama aite MaineCare ile wiki.

Mutoto_wa_Himbi (Goma)
Nimemuuliza. Ombi ilitumwa mwezi wa tatu, karatasi iko, mudogo amenitumia foto. Adresi njo walikuwa hawajabadilisha, bataita kesho.

Yaya nimemuambia apeleke minerval ku shule. Ijumaa nitaandika hapa vile jino ilienda.