Eti bibi yangu naye amechakaa!

Wakuu, natetemeka hadi herufi sizioni. Yule mtathmini wa fidia za wanaohamishwa kupisha mradi, mnamjua, yule ambaye buti zake hazijawahi kugusa tope, leo kafika kwa bibi huku bondeni. Kapiga X nyekundu ukutani, rangi ikachuruzika hadi kwenye khanga iliyoanikwa. Kagonga tofali kwa kalamu, kakata uchakavu kwenye fidia. Bibi kauliza, uchakavu ndiyo nini? Akamjibu mbele ya wajukuu: "Nyumba imechakaa, bibi, kama wewe ulivyochakaa."

Kama wewe ulivyochakaa! Mtu aliyezaa watoto tisa humo ndani!

Hela za mradi ni mkopo wa Benki ya Dunia, na masharti yao yaliyoanza 2018 yanataka anayehamishwa alipwe gharama ya kujenga upya, uchakavu usikatwe. Yeye kakata wa nyumba, kaona haitoshi, kakata na wa bibi! Na deni tutalilipa mimi, nyie na wajukuu waliosimama pale wakisikia. Bibi hajala tangu saa nne. Anaitazama tu ile khanga.

Kipanga: Huyo alipita kwetu juzi. Mnazi wa marehemu baba, unaozaa, kauandika "mche". Mche!

Shangazi Kaja: Mtoa mada ulikuwepo, ukafanya nini? Ungemmwagia hiyo rangi. Umekimbilia kufungua uzi.

Mpunga Mtupu: Nyie mna X tu. Mradi wa utalii wa Ruaha, dola milioni 150 zilizopitishwa 2017, wakulima na wafugaji wa Mbarali walilia mashamba na ng'ombe hadi kwenye jopo la ukaguzi la benki hiyohiyo, 2023. Aprili 2024 fedha zikasimamishwa, Novemba mkopo ukafutwa. Andikeni malalamiko, acheni kulia na khanga.

Mtoa mada: Si khanga mkuu, ni lile neno! Kama wewe ulivyochakaa!

Jirani wa Nairobi: Sisi mkopo wa benki ya Exim ya China ulipitisha reli juu ya mbuga ya Nairobi. Twiga wanatembea chini ya daraja.

Kipanga: Twiga wana daraja? Mtaa wetu mzima hauna kivuko, watoto wanabebwa mgongoni kwenda shule.

Shangazi Kaja: Kwenu kivuko, kwetu mtaro umeishia katikati ya uwanja. Mbu kama kunguru.

Mtoa mada: Jamani, bibi...

Kipanga: Shangazi, huo mtaro uko upande gani? Ule wa msikitini?