Mtayarishaji wa filamu za kubuni za kisayansi: kazi inaanzia wapi?

Kijana wa Birere (Goma)
Wakubwa kwa wadogo, nawasalimu. Kundi letu hurekodi harusi na filamu fupi za mashirika, lakini nia yangu ni kuwa mtayarishaji anayegeuza riwaya za kubuni za kisayansi kuwa filamu au tamthilia ya runinga. Naomba mnieleze kazi hiyo inaanzia wapi, na kama inawezekana kwa mtu asiye na fedha za kujenga vyombo vya angani.

Dada wa Ibanda (Bukavu)
Ndugu yangu, inaanzia kwenye haki, kabla kamera haijaguswa. Mtayarishaji humwendea mwandishi au warithi wake, akalipa kiasi fulani ili kitabu kisiuzwe kwa mwingine kwa muda waliokubaliana, mara nyingi mwaka mmoja au mwaka na nusu, na ndani ya muda huo humtafuta mwandishi wa muswada, mwongozaji na mwenye fedha; asipowapata, haki hurudi kwa mwenyewe na alicholipa kimekwenda. Isa Dick Hackett, binti wa Philip K. Dick, mwandishi Mmarekani wa riwaya za kubuni za kisayansi, aliingia katika utayarishaji akisimamia maandishi ya baba yake aliyefariki 1982, na riwaya ya 1962, *The Man in the High Castle*, ikawa tamthilia ya misimu minne kati ya 2015 na 2019. Wengi wetu, bila shaka, hatukuachiwa urithi wa namna hiyo.

Mzee wa Himbi (Goma)
Basi aanze na kazi isiyodai malipo. Jules Verne, mwandishi Mfaransa, alifariki 1905, na sheria yetu ya Kongo ya 1986 kuhusu haki za watunzi humlinda mtunzi maisha yake yote na miaka 50 baada ya kifo, kwa hiyo vitabu vyake ni vya wote. Riwaya yake ya 1864, *Voyage au centre de la Terre* (Safari ya kwenda kitovu cha dunia), inawashusha wasafiri ndani ya volkeno ya Iceland na kuwatoa kupitia Stromboli, nchini Italia. Kijana anayeishi chini ya volkeno yetu ya Nyiragongo ana haja gani na Iceland? Makoro, yaani mawe ya volkeno, yaliyoingia hadi katikati ya mji mwaka 2002 hayakodishwi. Ila ufuate maandishi ya Kifaransa yenyewe, maana tafsiri za karibuni na filamu zilizokwisha kutengenezwa zina wenyewe, na tukio lililoongezwa na filamu fulani si la Verne.

Mwana Katanga (Lubumbashi)
Kuhusu fedha, tazama *La Jetée*, filamu ya mwongozaji Mfaransa Chris Marker, ya 1962: dakika 28 za safari katika wakati, karibu zote zikiwa picha za mnato na sauti ya msimulizi. Filamu hiyo fupi ndiyo iliyozaa *12 Monkeys* ya 1995, na baadaye tamthilia ya runinga. Chagua hadithi ambayo ajabu yake imo katika wazo, si katika mitambo.

Kijana wa Birere (Goma)
Nawashukuru sana. Safari ya chini ya ardhi tutaisimulia kwa picha za mnato, na muswada tutauandika pamoja.

Dada wa Ibanda (Bukavu)
Pamoja, sawa, lakini kwanza kila mmoja atie sahihi karatasi inayokukabidhi haki za alichoandika. Runinga yoyote makini itaiomba karatasi hiyo kabla ya kutazama hata dakika moja.