Naomba ushauri: klorini kwenye tenki la kambi inaisha kabla ya jioni

Wakuu, kambi ni ya watu 12, mbali na barabara, maji ni ya mto. Kila mtu ana lita 20 kwa siku, hivyo tenki la lita 1,000 linatosha siku nne. Maji yanatuama usiku kucha kwenye mapipa, yanachujwa kwa mchanga, ndipo tunatia klorini na kusubiri dakika 30. Asubuhi kipimo kinasoma miligramu 0.5 kwa lita. Jioni iko chini ya 0.2.

Nashuku uchafu: udongo na majani hula klorini kabla haijaua vijidudu. Tena mfuniko unapitisha mwanga, na ukutani mwa tenki kuna utelezi wa kijani. Kuongeza dozi tu sikubali, kwa sababu ladha ikiwa kali watu wanarudi kunywa ya mtoni, na kuhara kukiingia hakuna wa kushika zamu.

Tenki nilisugue kwa klorini ya nguvu gani, ikae saa ngapi? Shabu, ile chumvi ya kutuamisha tope la maji, kwa pipa la lita 200 ni gramu ngapi? Na kazi ya kutia dawa mnamwachia mtu mmoja? Kwetu inazunguka, kila mtu na kijiko chake.