Mechi ya mazoezi ya timu ya chuo kikuu Marekani: shabiki aliyezoea Sokoine aende akatazame nini?

Mwalimu wa Uyole

Ndugu zangu, nawasalimu kutoka Uyole. Binti yangu anasoma shahada ya uzamili katika Chuo Kikuu cha Jimbo la Ohio, mjini Columbus, na Mungu akipenda mimi na mama yake tutakwenda kumtembelea mwezi Aprili. Ratiba yote ameshaipanga, na Jumamosi moja ameitenga kwa ajili ya kutupeleka uwanjani kuitazama timu ya chuo chake ikicheza ule mpira wao wa Kimarekani, wa kubeba mikononi na kukumbana. Nilipomuuliza wanacheza na nani, alinijibu kwamba wanacheza wenyewe kwa wenyewe, kwa kuwa msimu wao huanza mwishoni mwa Agosti na hiyo ni mechi ya kufungia mazoezi ya majira ya kuchipua. Nilidhani ananitania, mpaka aliponieleza kwamba mwaka 2016 mechi ya namna hiyohiyo, katika uwanja huohuo, iliingiza watu 100,189.

Mimi ni mtu wa mpira tangu enzi za Tukuyu Stars waliochukua ubingwa wa Bara mwaka 1986, na mechi za kujipima nguvu za Mbeya City na Prisons pale Sokoine nimezitazama sana. Lakini kwetu mechi hizo huwa na watu wachache, wengi wakiwa wastaafu kama mimi na vijana wa bodaboda wanaopumzika kidogo, na kila mmoja anakuja na swali lake moja: yule mshambuliaji mpya anajua au hajui? Akishapata jibu, anaondoka hata kabla ya filimbi ya mwisho.

Naomba mwenye uzoefu anieleze: mtu asiyejua sheria za mchezo ule atafaidi nini katika mechi ambayo timu inajifunga yenyewe? Na je, matokeo yake yana maana yoyote?

Mwanapaluhengo

Shikamoo Mwalimu, na kamwene kutoka Iringa. Nilisoma Nebraska, jimbo ambalo watu wake hawana timu kubwa ya kulipwa ya mchezo huo, kwa hiyo timu ya chuo kikuu ndiyo Simba na Yanga yao kwa pamoja. Nenda, Mwalimu, ila usiende kumtafuta mshindi, kwa sababu matokeo ya siku hiyo hata kocha mwenyewe hayakumbuki wiki inayofuata.

Nianze na sheria, maana hazikuzidi. Kila upande una wachezaji 11. Wanaoshambulia wanapewa majaribio manne ya kuusogeza mpira yadi 10, na yadi ni pungufu kidogo ya mita. Wakifaulu wanapewa mengine manne, wakishindwa mpira unakwenda kwa wapinzani. Kuuvusha mpira mstari wa mwisho ni pointi 6, kuupiga teke ukapita katikati ya nguzo ni pointi 3. Ukiwa na hayo kichwani yanakutosha kwa siku moja, na yaliyobaki binti atakunong'oneza.

Sasa mechi yenyewe. Chama kinachosimamia michezo ya vyuo, NCAA, kinairuhusu timu kufanya mazoezi 15 katika majira hayo, na kwa desturi zoezi la mwisho ndilo hilo linalofunguliwa kwa watu. Wachezaji hugawanywa makundi mawili kwa rangi za chuo: Ohio State ni nyekundu na kijivu, Penn State ni buluu na nyeupe, na kadhalika. Vyuo vingine havigawi hivyo, bali huwaweka washambuliaji wote upande mmoja na walinzi wote upande mwingine, kisha walinzi wanapewa pointi kila wanapopora mpira au kuwazuia wenzao wasisogee, jambo linalofanya ubao wa matokeo usomeke kwa namna ambayo hata wazawa huuliza jirani. Saa nayo, hasa kipindi cha pili, mara nyingi huachwa itembee bila kusimamishwa, ili watu wasiumie bure.

Kuumia ndiko kunakoeleza karibu kila utakachokiona. Kuna mchezaji anayeitwa kwotabeki, ambaye hupokea mpira kila jaribio linapoanza na kuamua aurushe mbali au amkabidhi mwenzake akimbie nao. Katika mechi ya msimu, watu wenye kilo zaidi ya 120 humkimbilia wamwangushe chini. Siku hiyo utamwona amevaa jezi ya rangi tofauti na wote waliopo uwanjani, na maana yake ni kwamba hapigwi. Mlinzi anapambana kikweli na yule anayemzuia, anamsukuma, anampita, halafu akibakiza hatua moja anafunga breki na kumgusa kwotabeki begani tu; refa anapuliza filimbi na jaribio hilo linaishia hapo. Hapo jukwaani hubishaniwa sana kama kweli angemfikia kwa wakati, na ubishi huo hauna mwamuzi.

Ushauri wangu mkubwa ni huu: usiufuate mpira. Watazame wale watano walio mstari wa mbele wa ushambuliaji, wanene kuliko wote, ambao hawakimbii na mpira (wa katikati yao huurudisha tu kwa kwotabeki kuanzisha jaribio), na uangalie nani anarudishwa nyuma na nani anasimama imara. Halafu angalia nani ameanza pamoja na kundi la kwanza. Kijana wa mwaka wa kwanza anaweza kufunga mara mbili dhidi ya walinzi wa akiba na isiwe na maana yoyote, lakini kocha akimwita kwenye kundi la kwanza hata kwa majaribio machache, amekwisha kukuambia anachokifikiria kuhusu mwezi wa Septemba. Na makocha utawaona wamesimama ndani ya uwanja kabisa, nyuma ya washambuliaji, mikono kifuani. Katika mechi ya msimu hairuhusiwi.

Jambo moja zaidi kuhusu Nebraska. Mwaka 2013, mechi hiyo ikiwa na watu zaidi ya 60,000, karibu na mwisho aliingizwa uwanjani mtoto wa miaka 7 aliyekuwa akiugua saratani ya ubongo, amevaa jezi ya timu na kofia ngumu inayomzidi. Akapewa mpira, akakimbia yadi 69 mpaka mstari wa mwisho, wachezaji wa pande zote mbili wakimsindikiza na kumbeba juu alipofika. Pointi zile zilihesabiwa. Mechi ya msimu isingeweza kumpa nafasi hiyo, kwa kuwa upande wa pili wapo wageni waliokuja kushinda.

Fundi wa Mwanjelwa

Nimesoma kwa makini na bado sijashawishika. Sisi tunayo Simba Day tangu mwaka 2009, na Yanga wana Wiki ya Mwananchi; wachezaji wapya wanatambulishwa, muziki unapigwa, na mwisho inaletwa timu kutoka nje ili angalau tujue tumesimama wapi. Timu inayocheza na kivuli chake inamwambia nini shabiki? Mwalimu anasafiri kutoka Mbeya hadi Dar es Salaam, anapanda ndege usiku kucha, anakwenda kutazama watu wanaoogopa kuumizana! Tena nimesikia kwamba vyuo vikubwa vimeanza kuifuta mechi hiyo. Ikiwa wenyewe wameichoka, mgeni aifuate ya nini? Mimi ningemshauri amwombe binti wamfikirie safari ya Oktoba, akaone kazi kamili.

Mwanapaluhengo

Fundi, hoja yako ya kwanza naikubali nusu. Ni kweli mechi hiyo haikuambii timu imesimama wapi mbele ya wengine. Ila hata hizo siku zetu za Agosti hazisemi hilo vizuri, kwa kuwa mgeni aliyealikwa mara nyingi naye yuko kwenye maandalizi na hana la kupoteza. Tofauti ninayoiona mimi ni kwamba timu ikicheza na mgeni unashangilia bila kuwaza, na ikicheza na nafsi yake kila furaha ina doa lake. Mkimbiaji wako mpya akimpita beki kwa urahisi, je, umepata mkimbiaji au umegundua kwamba huna beki? Mashabiki wa kule huondoka na swali hilo na kulizungumza miezi minne mpaka msimu uanze, na nadhani hiyo ndiyo faida yake, kwa mtu anayependa mpira kwa kuufikiria na si kwa kelele peke yake. Mwalimu, kwa maelezo yake kuhusu wale wastaafu wa Sokoine, ni mtu wa aina hiyo.

Kuhusu kufutwa, habari hizo ni za kweli, lakini sababu si kuchoka. Tangu Oktoba 2018 upo utaratibu ambao mchezaji huandikisha jina lake katika orodha ya wanaotaka kuhama, na tangu Julai 2021 wachezaji wa vyuo wanaruhusiwa kulipwa kwa matumizi ya majina na sura zao. Ukiweka mambo hayo mawili pamoja, unapata soko la usajili lenye fedha nyingi, na kwa miaka kadhaa dirisha mojawapo lilikuwa likifunguliwa mwezi huohuo wa Aprili. Kocha wa Nebraska, Matt Rhule, alisema waziwazi kwamba kuwaonyesha vijana wake kwenye televisheni siku ile ilikuwa sawa na kuwatafutia wateja, na mwaka 2025 chuo hicho hakikucheza mechi ya kawaida ya majira ya kuchipua. Texas nao hawakucheza mwaka huo. Kuanzia 2026 dirisha la Aprili limeondolewa, limebaki moja tu la Januari, kwa hiyo hofu hiyo imepungua nguvu.

Ipo sababu nyingine isiyosemwa sana, nayo ni hesabu ya watu. Tangu 2025 timu za vyuo vilivyokubali utaratibu mpya wa malipo haziruhusiwi kuzidi wachezaji 105, na baadhi ya wapya huwasili kiangazi. Ukiwatoa majeruhi waliofanyiwa upasuaji baada ya msimu, unaweza kukosa wanene wa kutosha wa kuunda mistari miwili ya mbele inayolingana, na timu isiyo na mstari wa mbele haiwezi kucheza mechi, inaweza tu kufanya mazoezi mbele ya watu. Kwa hiyo Mwalimu, binti athibitishe mapema kwenye tovuti ya timu kama tangazo la mwaka husika linasema mechi au mazoezi ya wazi. Kama ni mazoezi ya wazi, nenda vilevile, lakini ujue saa nzima ya kwanza inaweza kuwa ya vikundi vidogovidogo vikirudia jambo moja.

Mwalimu wa Uyole

Ndaga sana, Mwanapaluhengo. Hapo kwenye mkimbiaji na beki umenigusa, maana ubishi huohuo tulikuwa nao hapa Mbeya juu ya winga mmoja, na mpaka leo haujaisha. Fundi, nakushukuru nawe, ila safari ya Oktoba itanikuta shambani naandaa mbegu za viazi.

Nimebakiwa na maswali ya kawaida. Mama yake magoti yanamsumbua na hapendi baridi. Tuvae nini, tubebe nini, na tukae upande gani wa uwanja?

Mama Wanging'ombe

Shikamoo Mwalimu, msalimie na mama. Mimi niko Ohio kwa miaka mingi sasa, na wanangu wamepita chuo hicho.

Hali ya hewa ya Columbus mwezi Aprili haitabiriki. Jumamosi moja mtu anavaa fulana, inayofuata upepo unakuwa wa Julai ya Njombe na mvua nyepesi juu yake, na hata theluji ya kupita si ajabu. Mama avae nguo za kuvuliwa moja moja, achukue na kitenge kizito au blanketi dogo la kukalia, kwa kuwa sehemu kubwa ya mabenchi ni ya chuma na yanapitisha baridi kuliko hewa yenyewe. Mkoba wa kawaida msiende nao. Viwanja vingi vya vyuo vinadai mfuko wa plastiki unaoonyesha vilivyomo, na mlinzi wa mlangoni hasikilizi maelezo. Dawa za magoti ziwe kwenye kopo lake lenye maandishi. Chai ya chupa haitaingia, kwa hiyo mama anywe kabla.

Tiketi za siku hiyo ni nafuu mno ukilinganisha na za msimu, na vyuo vingine haviuzi kabisa, watu huingia bure. Ndiyo maana utaona familia nyingi zenye watoto wadogo, ambao bei za msimu haziwaruhusu kuja wote. Fikeni mapema, si kwa sababu ya foleni, bali kwa sababu ya watu wanaochoma nyama kwenye maegesho nyuma ya magari yao tangu asubuhi. Siku ya mechi ya ligi huwa wamebanana na wana haraka. Siku hiyo wana nafasi, na mgeni akisimama kuuliza kinachochomwa anapewa sahani kabla hajamaliza kuuliza. Baba aseme ametoka Tanzania, na kwamba hajawahi kuuona mchezo huo, basi hapo atapata walimu kuliko anaowahitaji.

Kuhusu kukaa: uwanja umejengwa kama kwato ya farasi, wazi upande wa kusini. Ngazi za kule juu ni kali, lakini kutoka juu ndiko mistari ile miwili ya wanene inakoonekana vizuri ikigongana. Kwa ajili ya magoti, binti aangalie ramani ya viti na achague safu za katikati, upande mrefu wa uwanja, karibu na lango ambalo halihitaji kupanda sana, na kama hiyo haipatikani, aulize ofisi ya tiketi kuhusu nafasi za wenye shida ya kutembea. Zipo, na msaidizi mmoja huruhusiwa kukaa naye, kwa hiyo baba akitaka kupanda juu peke yake kipindi cha pili, mama atakuwa na binti.