Ushauri: Naitwa kila mara kucheza mlinzi tu, nataka nafasi tofautitofauti nikiwa Dodoma

Mwana_Makole:
Wakuu, heshima kwenu. Nina miaka 38, nipo Dodoma, nimecheza nafasi ndogo kwenye tamthilia. Kila nikiitwa ni mlinzi mchekeshaji wa Kigogo. Sitafuti ustaringi. Nataka kuwa yule mwigizaji ambaye leo ni hakimu, kesho mchoma mkaa, na mtazamaji akaamini wote wawili. Nianzie wapi? Na ni lazima nihamie Dar?

FundiSeti:
Mkuu, usihame kwanza. Kazi nyingi zinapigwa Dar, lakini mchujo wa mwanzo siku hizi unafanyika sana kwa video, na treni ya SGR inakufikisha huko ndani ya saa nne. Dairekta anakuita kwa kile alichowahi kukiona, kwa hiyo muoneshe kingine.

Rekodi vipande viwili vya sekunde 60 hadi 90, wahusika wasiofanana kabisa. Kimoja kiwe cha mtu mwenye mamlaka anayeongea kidogo, maana huyo ndiye kinyume cha mlinzi wako. Simu ilale kwa upana kwenye stendi, lenzi usawa wa macho, fremu ikate kifuani. Dirisha liwe mbele yako. Likikaa mgongoni uso unakuwa kiza. Anayekusomea mistari ya mwenzako akae ubavuni mwa lenzi na asome kwa sauti ya chini, kwa sababu yeye yuko karibu zaidi na maiki. Upepo wa Dodoma mnaujua: funga madirisha, zima feni. Chumba kisicho na dari ukikwepe jua linapopanda, bati likipata joto linalia na sauti yote inaharibika.

Halafu watafute wanafunzi wa sanaa za maonyesho na filamu pale UDOM, Chuo Kikuu cha Dodoma. Filamu za mazoezi mara nyingi zinakosa watu wazima, vijana wanaishia kupakwa mvi.

Mama_Jukwaa:
Naongezea kwenye uigizaji wenyewe. Lafudhi iwe ya mwisho. Wengi wanaanza na sauti, basi mzee lazima atetemeke na kukohoa, na kwenye shoti ya karibu uongo unaonekana wazi. Mzee wa kweli anajitahidi *asitetemeke*. Hilo ndilo la kucheza.

Anza na kazi ya mhusika: mikono yake imefanya nini miaka yote? Nenda mnadani Msalato Jumamosi, chagua dalali mmoja tu wa ng'ombe. Fimbo anaishika wapi, uzito anauweka mguu upi, akitaja bei anamtazama nani. Chukua vitu vitatu, vingine viache. Wiki nyingine mtazame mkulima wa zabibu anavyopogoa; mgongo wake na vidole vyake ni vya mtu mwingine kabisa. Irudie ile kazi kwa mikono mpaka usiifikirie tena, ndipo uweke maneno. Ukianza na maneno, mikono inabaki inaning'inia bila kazi, na hapo ndipo mlinzi wako wa siku zote anarudi.

Kwenye lafudhi, Mgogo, Mrangi wa Kondoa na Mnyaturu kila mmoja ana Kiswahili chake. Omba ruhusa, mrekodi msemaji mmoja, umfuate huyo.

Umri usikutie hofu. J.K. Simmons wa Marekani alipata Oscar ya mwigizaji msaidizi mwaka 2015 akiwa na miaka 60.

Mshika_Skripti:
Kuitwa tena kunategemea sana uwezo wa kurudia. Sini moja, yaani tukio moja la hadithi, inapigwa kwa upana, kisha karibu, kisha upande wa mwenzako. Kikombe ukikinyanyua kwenye neno fulani, kinyanyue kwenye neno hilohilo kila teki (kila mara sini inaporudiwa kupigwa), kwa mkono uleule. Vipande visipoungana, mhariri anakukata wewe anabaki na uso wa mwenzako. Weka alama kwa penseli kwenye skripti. Sini ya kula, mega tonge dogo na litie mdomoni mwenzako anapoongea. Ukishiba teki ya kwanza umekwisha.

Sini hazipigwi kwa mpangilio, hivyo juu ya kila moja andika ametoka wapi, anataka nini, ameshajua nini. Na piga picha mavazi yako kabla hujavua.

Mwana_Makole:
Nawashukuru sana wakuu. Kuna mkataba nimepewa: malipo kwa siku, na unanizuia kufanya kazi nyingine mpaka tamthilia iishe. Nisaini?

FundiSeti:
Kifungu hicho usikisaini kilivyo. Mwigizaji wa nafasi za pembeni anaishi kwa wingi wa kazi, na tamthilia inaweza kuongezwa misimu hujui mwisho. Omba kizuizi kihusu siku zako za kupiga tu, na kiwe na tarehe ya mwisho.

Kwenye malipo, iandikwe siku ni saa ngapi, ikiahirishwa ukiwa umeshafika seti unalipwa nini, nauli na malazi ni ya nani, na kodi ya zuio (ile inayokatwa kabla hujalipwa) inakatwa kwenye kiasi hicho au prodyuza anaibeba. Uliza pia utalipwa nini tamthilia ikirudiwa kuoneshwa au ikiuzwa mtandaoni, maana Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 inamlinda hata mwigizaji. COSOTA, ofisi ya hakimiliki, ndio wa kuwauliza. Na nakala yenye sahihi za pande zote mbili iwe mkononi mwako kabla ya siku ya kwanza ya kupiga.