Filamu za hali halisi darasani: zinafundisha kuhoji au zinahubiri tu?

Mwanzisha mada:
Wadau, walimu wengi wanaotaka wanafunzi wahoji mambo wamezikimbilia filamu za hali halisi. Projekta inawashwa, darasa linatazama dhuluma fulani mwanzo mwisho, watu wanasikitika, kengele inalia. Mwalimu anatoka kifua mbele. Mimi nauliza, hapo kimehojiwa nini?

Mwanaelimu Paulo Freire wa Brazil aliipiga vita elimu aliyoiita ya kibenki, yaani mwalimu anaweka, mwanafunzi anatunza. Filamu isiyosimamishwa ni benki ile ile, ila hii ina muziki. Mwanzoni mwa miaka ya 1960, madarasa yake ya kisomo cha watu wazima yalitumia picha za kuchorwa zilizoakisiwa ukutani: mkulima, kisima, nyumba, mti. Picha moja, mjadala mrefu: kipi hapa ni cha asili, na kipi kimetengenezwa na mtu? Picha ilikaa, watu wakaongea.

Mchangiaji wa kwanza:
Mkuu, ukiikatakata filamu unaua simulizi. Mtu hahoji kisichomuuma. Acha kwanza wamsikie mama aliyenyang'anywa shamba akisema kwa kinywa chake, maswali yatafuata.

Mchangiaji wa pili:
Hofu yangu mimi ni mwalimu mwenyewe. Filamu anachagua yeye, na sijaona anayechagua inayompinga. Halafu insha anasahihisha yeye. Mwanafunzi mwenye akili ataandika anachotaka mwalimu. Hiyo ni kampeni.

Mwanzisha mada:
Wa kwanza, sawa: mara ya kwanza waione nzima, mara ya pili ndiyo tuivunje vipande.

Wa pili umenishika pabaya. Dawa ninayoiona ni kuiweka filamu yenyewe kizimbani. Chukua Nanook of the North ya Robert Flaherty, 1922, ambayo inahesabika kati ya filamu ndefu za mwanzo kabisa za aina hii. Familia ya Wainuit, wenyeji wa kaskazini ya mbali kwenye barafu, inaamka ndani ya nyumba ya theluji. Simamisha hapo, uliza: mwanga wote huu humo ndani umeingilia wapi? Wakikodoa macho kidogo wataanza kushuku. Nyumba ile ilijengwa upande mmoja ukiwa wazi ili kamera ipate mwanga, na familia ikaigiza kulala na kuamka. Nanook mwenyewe, mhusika mkuu, jina lake halisi lilikuwa Allakariallak. Na anaonyeshwa akiwinda kwa silaha za jadi wakati watu wake walishazoea bunduki.

Darasa likishalizoea swali hilo la mwanga, litaliuliza hata kwa filamu anayoipenda mwalimu: kamera ilikaa upande wa nani, nani alihojiwa akakatwa, nani alilipia? (Hili la mwisho walimu hulisahau sana.)

La kusahihisha insha bado linanisumbua. Walimu mliomo humu, mwanafunzi akiiponda filamu mliyoichagua wenyewe, tena kwa hoja, mnampa maksi ngapi?