MJADALA: TAMISEMI (wizara ya serikali za mitaa) iendelee kusimamia uchaguzi wa serikali za mitaa, au iachie Tume ya Uchaguzi?

Mleta mada
Wakuu, hili tuliongee bila kuvunjiana heshima. Uchaguzi wa Novemba 27, 2024 CCM ilitangazwa kushinda takriban asilimia 99 ya vijiji, na mitaa na vitongoji ikawa zaidi ya 98. Aliyetangaza ni Waziri wa TAMISEMI wa wakati ule, Mohamed Mchengerwa, mbunge wa chama hichohicho, na wizara yake ndiyo iliyotunga kanuni na kusimamia. Sheria ya Tume Huru ya mwaka huohuo iliitaja Tume kuwa ndiyo itasimamia uchaguzi huu, ila kwa utaratibu utakaowekwa na sheria ya Bunge. Siku ya kura inafika, sheria hiyo haipo. Sasa nauliza: iendelee au iachie?

Kada wa Kahama
Iendelee. Ushindi ule una jasho la watu ndani yake. Nchi ina vitongoji zaidi ya elfu 60, na chama chetu kilisimamisha mtu kila mahali kwa sababu kina balozi wa nyumba kumi kila shina. Wenzetu wanakumbuka kijiji mwezi mmoja kabla ya kura. Na nyie mnaopiga kelele mitandaoni, hata jina la mwenyekiti wa mtaa wenu hamlijui. Mnamtafuta siku mkitaka muhuri.

Mama Temeke
Kada, wangu namjua mpaka bei yake. Mwanangu kashikwa na polisi, nataka barua ya dhamana. Nimekaa kwenye benchi tangu asubuhi, nimeitwa ndani, mzee kavuta droo, katoa muhuri umeviringishwa kwenye leso, kauweka mezani, kanyamaza. Hakusema shilingi ngapi. Nikatoa elfu tano, akaiangalia tu. Nikaongeza elfu tano nyingine ndipo akafungua kidau cha wino. Risiti hakuna. Usiniambie mimi simjui mwenyekiti.

Mleta mada
Pole sana mama. Ila mada ni usimamizi wa uchaguzi.

Mama Temeke
Mada ni hiyohiyo baba. Angekuwa anaogopa kura yangu angenifanyia vile?

Mwenyekiti mstaafu
Dada yangu pole, lakini tusiwapake wote tope. Nimeshika mtaa miaka mitano. Mwenyekiti hana mshahara, ana posho inayokuja halmashauri ikijisikia. Karatasi unanunua wewe, wino unanunua wewe. Saa saba usiku unagongewa mlango, mke na mume wameshikana mashati. Asubuhi kuna msiba, mchana kuna mgeni wa wilaya anataka wananchi wajae mkutanoni. Ukipewa elfu mbili ya soda unaitwa mla rushwa.

Kijana wa Mbagala
Soda gani ya elfu kumi mzee wangu?

Mwenyekiti mstaafu
Mwanangu, nimesema elfu mbili. Soma kwanza.

Kijana wa Mbagala
Nimesoma. Kama kazi haina mshahara, mbona mnagombea mpaka watu wanatoana ngeu? Kijijini mwenyekiti anakalia halmashauri ya kijiji, na ardhi ya kijiji iko mikononi mwao. Mjini ukiuza kiwanja, huyohuyo anashuhudia mauziano na mkono unanyooshwa. Ndiyo maana wagombea wetu wa upinzani walienguliwa kwa wingi, huyu fomu imekosewa herufi, yule hana sifa. 2019 ilikuwa hivihivi mpaka CHADEMA ikajitoa, na sehemu nyingi watu wakapita bila kupingwa.

Kada wa Kahama
Fomu ukikosea umekosea. Anayeshindwa kujaza fomu atajazaje muhtasari wa kijiji?

Kijana wa Mbagala
Na walioenguliwa wote wakawa wa upande mmoja? Wenu wote walisoma Oxford?

Kada wa Kahama
Nyumbu mmeshaanza.

Kijana wa Mbagala
Na chawa umeshatumwa.

Msomaji wa sheria
Acheni matusi. Watu walikwenda Mahakama Kuu kupinga TAMISEMI kusimamia, wakashindwa. Kwa hiyo kisheria ilikuwa halali. Hoja yenye uzito ni kwamba mkurugenzi wa halmashauri ni mteule wa Rais, watumishi walio chini yake ndio wanaopokea fomu za wagombea, na Rais ndiye mwenyekiti wa chama kinachoshindana. Hata Tume ikichukua, ikiwatumia watu walewale tumebadilisha bango la mlangoni tu.

Mtu wa Unguja
Nyie wa bara mnalilia kura na mnayo. Huku kwetu sheha, ndiye kama mwenyekiti wenu wa mtaa, anateuliwa, hatumpigii kura abadan. Na barua ya utambulisho wa ukaazi ndiyo hiyohiyo iliyo mkononi mwake. Akikwambia hakujui, ndiyo basi tena, hata kuandikishwa kupiga kura ni mtihani.

Kada wa Kahama
Umeona? Afadhali sisi tunachagua.

Mama Temeke
Tulichagua? Karatasi niliyopewa ilikuwa na jina la yuleyule wa leso na mwingine ambaye sijawahi kumwona pale mtaani. Yule fundi cherehani tuliyemtaka alienguliwa.

Mwenyekiti mstaafu
Mimi nasema serikali iwalipe wenyeviti mshahara, barua iwe bure, na hilo libandikwe mlangoni kwa herufi kubwa.

Kijana wa Mbagala
Walipwe na nani, mzee? Kodi yangu imlipe mtu ambaye sikumchagua?

Msomaji wa sheria
Serikali za mitaa zilifutwa 1972, zikarudishwa kwa sheria za 1982. Waliozirudisha walitaka wananchi waamue mambo yao. Mshahara ukitoka Dodoma, mwenyekiti atamsikiliza nani?

Mama Temeke
Kwani sasa hivi anamsikiliza nani?

Mwenyekiti mstaafu
Dada, nipe jina la mtaa wako inboksi. Huyo namjua atakuwa nani.

Mama Temeke
Sitoi. Bado nahitaji barua ya kitambulisho cha NIDA ya binti yangu.